Ulti ya Xiangling haijai: watazame wenzake kwanza

Swali la msomaji: “Kaka, shikamoo. Nacheza Genshin Impact kwenye simu. Timu yangu ni Xiangling, Xingqiu, Barbara na Noelle. Nikiwa porini ulti ya Xiangling (pigo lake kubwa) inajaa vizuri tu, lakini nikiingia Spiral Abyss, yale mapambano ya ghorofa yanayohesabiwa muda, naipiga mara moja mwanzoni, halafu nasubiri mpaka muda unaisha. Nimemvalisha atifakti (mavazi ya nguvu) zote za kuongeza shambulio. Nimkuze zaidi au nimwache? Bennett ninaye ila yuko levo 20, sijawahi kumtumia. Na je, ni bora ulti niitunze mpaka bosi atokee?”

Marahaba, mdogo wangu. Xiangling usimwache. Wapo wachezaji wanaotoa fedha nyingi kutafuta wahusika wa nyota tano, kisha wanarudi kwa huyuhuyu msichana mpishi ambaye gemu inakupa bure ukimaliza chumba cha tatu cha ghorofa ya tatu ya Abyss. Ila kumkuza zaidi hakutakusaidia kwa sasa. Ulti haijazwi na levo, wala haijazwi na shambulio. Inajazwa na nishati, na katika timu uliyoiandika hakuna anayeileta ya kutosha.

Nishati husafiri kwa chembe, zile punje zinazong’aa ambazo huruka kutoka kwa adui na kumfuata mhusika wako pale skili, lile pigo lake dogo la asili, inapompiga adui huyo. Kila chembe ina asili yake: ya moto, ya maji, ya umeme, au nyeupe isiyo na asili. Mhusika aliyeko uwanjani akipokea chembe ya asili yake mwenyewe anapata nishati 3. Ikiwa ya asili nyingine anapata 1. Nyeupe inampa 2. Wale watatu walioko nje ya uwanja nao wanapata, lakini kwenye timu ya watu wanne hupewa asilimia 60 tu ya hesabu hiyo. Kwa hiyo chembe ya moto ikimkuta Xiangling uwanjani anavuna 3. Ikimkuta amekaa nje anavuna 1.8. Chembe ya maji ikimkuta nje inampa 0.6, yaani karibu na bure.

Sasa tuipige hesabu timu yako. Ulti ya Xiangling inahitaji nishati 80, na baada ya kuipiga inapoa kwa sekunde 20. Lengo lako basi ni kukusanya 80 ndani ya sekunde 20, ili ikishapoa tu uipige tena. Unamtoa Guoba, yule panda wake anayetema moto, ambaye huzaa chembe nne. Bila shaka ukishamtoa unambadilisha Xiangling haraka unaingia na Barbara, kwa kuwa unaogopa kupigwa. Chembe nne zinamkuta Xiangling nje: 7.2. Skili ya Xingqiu inazaa chembe tano za maji, naye mwenyewe ndiye anayezipokea: Xiangling anapata 3. Barbara? Skili yake haizai chembe hata moja. Noelle? Hata moja. Najua unawapenda kwa sababu mmoja anaponya na mwenzake ana ngao, na gemu yenyewe ilikupa wote wawili mapema, lakini kwa upande wa nishati ni abiria.

Jumla ni 10.2 kwa mzunguko mzima wa sekunde 20. Ili ufike 80 unahitaji mizunguko karibu minane, ambayo ni zaidi ya dakika mbili na nusu. Ndiyo maana muda unakuishia.

Porini huoni tatizo hili kwa sababu maadui nao hudondosha chembe uhai wao unaposhuka na wanapokufa, na kule unaua vijitu vidogo kumi kwa dakika. Wakubwa hudondosha ile punje nene ambayo thamani yake ni chembe tatu. Ndani ya Abyss maadui ni wachache na wana uhai mwingi, hivyo chembe zao zinakuja kwa kuchelewa. Huko timu inabaki na kile inachozalisha yenyewe.

Kuna kipimo kwenye ukurasa wa mhusika kinachoitwa Energy Recharge. Kila mtu anaanza na asilimia 100, na kipimo hiki huzidishwa na kila chembe anayopokea. Ukiwa na asilimia 200, chembe ya 3 inakuwa 6. Watu wengi hapa wanachanganya jambo moja: kinachohesabiwa ni kipimo cha anayepokea. Ukimpa Xingqiu Energy Recharge ya asilimia 250, Xiangling hafaidiki chochote. Ulti itakayojaa haraka ni ya Xingqiu mwenyewe. Na kwako wewe hata ukimlundikia Xiangling kipimo hicho hakitatosha, kwa sababu 10.2 kuifikisha 80 kunadai asilimia zaidi ya 780. Hakuna atifakti za namna hiyo. Ndiyo maana nakuambia tuanze na watu, mavazi yafuate.

Mtoe Noelle, muingize Bennett.

Bennett ni wa moto kama Xiangling, kwa hiyo chembe zake ni za asili ileile. Skili yake ukiigusa mara moja inazaa chembe mbili, mara chache tatu, na inapoa kwa sekunde tano tu. Katika sekunde 20 unaweza kuipiga mara tatu bila haraka. Hizo ni chembe sita za moto, na zikimkuta Xiangling uwanjani zinampa 18 kabla ya kuzidisha. Skili moja ya kijana mmoja imeshapita kile timu yako nzima ya sasa inachompa. Juu ya hapo ulti yake inaweka duara chini kwa sekunde 12. Aliye ndani ya duara akiwa na uhai wa asilimia 70 kushuka chini anaponywa. Akiwa na zaidi ya hapo anaongezewa shambulio. Ina maana kazi ya Barbara nayo imepata mtu.

Jinsi ya kuzitoa chembe kwa Bennett na kuzipeleka kwa Xiangling inahitaji mazoezi kidogo ya vidole. Chembe hazifiki papo hapo. Zinaruka hewani kama sekunde moja hivi. Anayehesabiwa yuko uwanjani ni yule zitakayemkuta zinapofika. Aliyezizalisha hahesabiwi kwa hilo. Kwa hiyo unaingia na Bennett, unamgonga adui na skili, na palepale upanga unapogusa unabonyeza picha ya Xiangling upande wa kulia wa skrini. Ukiangalia vizuri utaziona zile punje nyekundu zimeshaanza safari kuelekea alipokuwa Bennett, kisha zinamwingia Xiangling aliyesimama mahali pake. Kipimo cha duara la ulti yake kitaruka ghafla. Ukikuta hakijaruka, umechelewa kubadilisha. Nawe unayecheza ukiwa Afrika Mashariki, gemu hii ina seva za Amerika, Ulaya, Asia, na ile ya Taiwan, Hong Kong na Macao. Hakuna ya kwetu. Ping, yaani muda wa simu kuwasiliana na seva, ikipanda, kila kitu kinasogea nyuma kidogo, kwa hiyo usibadilishe kwa presha. Hakikisha pigo limempata adui kwanza, maana skili ikikosa hakuna chembe.

Kwenye simu kuna mtego mwingine. Skili ya Bennett ni lazima iguswe na kuachwa. Kidole kikikaa kwenye kitufe hata nusu tu ya pumzi, gemu inahesabu umeishikilia, na toleo la kushikilia lina muda mrefu wa kupoa: sekunde 7.5 kwa kiwango cha kwanza na 10 kwa cha pili. Hicho cha pili kinalipuka na kumrusha Bennett mwenyewe hewani, anaanguka chali mbele ya adui. Kama skrini yako imewekewa kioo cha kukinga mikwaruzo kinachofanya mguso uwe mzito, hili litakutokea sana. Ingia porini, tafuta slime mmoja, fanya mazoezi ya kugusa na kuachia mpaka mkono uzoee.

Sasa mpangilio wa pambano. Anza na Xingqiu: ulti yake, kisha skili. Panga zake za maji zitabaki zikining’inia kwa sekunde 15 na zitampiga adui kila mara aliyeko uwanjani anapopiga shambulio la kawaida. Mfuatishe Bennett: ulti, skili, toka. Ingia na Xiangling, hakikisha umesimama ndani ya duara la Bennett, piga ulti, kisha mtoe Guoba.

Utauliza kwa nini Bennett amtangulie. Ulti ya Xiangling, lile gurudumu la moto linalokuzunguka, hupima nguvu zake mara moja tu, pale unapobonyeza. Shambulio alilokuwa nalo wakati huo ndilo gurudumu litakalotumia kwa sekunde zake zote 10, au 14 ukiwa umefungua kundinyota lake la nne (ngazi za nguvu zinazofunguka ukimpata mhusika yuleyule tena). Hata ukitoka nje ya duara, hata duara likizimika, gurudumu linaendelea na nguvu ileile. Ukigeuza mpangilio, ukampiga Xiangling kwanza halafu Bennett, umepata gurudumu dhaifu na hakuna la kulirekebisha mpaka sekunde 20 zipite. Nimeona wachezaji wa muda mrefu wakilikosea hili, wanadhani ongezeko la Bennett litalifuata gurudumu njiani. Halilifuati.

Na faida ya Xingqiu kutangulia ni kwamba adui anakuwa amelowa. Moto ukimpiga aliyelowa, pigo hilo linazidishwa mara 1.5, na gurudumu la Xiangling lina sifa ya kupata zidisho hilo kwenye kila mzunguko, ilimradi maji yapo. Ndiyo maana uendelee kupiga mashambulizi ya kawaida; ukisimama tu kutazama moto unavyozunguka, panga za maji hazitoki, adui anakauka.

Baada ya hapo kaa na mhusika wa nne akipiga kawaida. Skili ya Bennett ikipoa unaingia, unagusa, unamrudisha Xiangling azipokee chembe, unaendelea. Hiyo ndiyo kazi mpaka sekunde 20 zitimie.

Nafasi ya nne nimeiacha mwisho kwa sababu haina uzito huo. Kama unaye Sucrose, mpe. Skili yake inazaa chembe nne na upepo wake unawakusanya maadui pamoja. Kama huna, Kaeya unaye, kila mtu anaye. Skili yake inapoa kwa sekunde sita na inazaa chembe mbili au tatu kila mara. Barafu yake ikikutana na maji ya Xingqiu itawagandisha maadui, na moto ukimpiga aliyeganda unazidishwa mara mbili, kwa hiyo usiogope mchanganyiko huo.

Tuje kwenye mavazi. Ile saa ya atifakti, ile ya tatu, toa ya shambulio uweke ya Energy Recharge. Ya nyota tano ikifika levo 20 inatoa asilimia 51.8. Mkuki mtafutie The Catch, unaopatikana kwa kuvua samaki kule Inazuma, moja ya nchi za ndani ya gemu, na kubadilishana na chama cha wavuvi. Haukugharimu senti, ukifika levo 90 una asilimia 45.9 ya kipimo hicho, na juu yake unaongeza nguvu ya ulti. Kuvua kunachosha, sikufichi, lakini samaki hao unawavua mara moja tu. Seti ya atifakti iwe Emblem of Severed Fate, ambayo nayo iko Inazuma, kwenye domeni ya Momiji-Dyed Court. Vipande viwili vinakupa asilimia 20 za Energy Recharge. Vinne vinageuza robo ya kipimo chako chote kuwa nguvu ya ulti, mwisho asilimia 75. Yaani ukiwa na asilimia 200, ulti yako inaongezeka nguvu kwa 50. Kwa mhusika ambaye karibu kila kitu chake ni ulti, seti hii imekaa kana kwamba alishonewa yeye.

Jumlisha: 100 za kuzaliwa, 51.8 za saa, 45.9 za mkuki, 20 za seti. Ni asilimia 217.7, kabla hata ya bahati ya zile nyongeza ndogondogo.

Inatosha? Rudi kwenye hesabu yetu, ukiwa na timu mpya. Guoba, tuseme chembe mbili zimkute Xiangling uwanjani na mbili nje: 9.6. Bennett, chembe sita uwanjani: 18. Xingqiu mpe Sacrificial Sword ukiwa nayo. Ina nafasi ya kuirudisha skili yake palepale, asilimia 40 kwa upanga ambao haujaboreshwa na 80 kwa ulioboreshwa mpaka mwisho. Ikirudi anazaa chembe kumi badala ya tano, na Xiangling nje anapata 6. Bennett naye akishika Favonius Sword, pigo lake la krito (lile la bahati linaloumiza zaidi) linaweza kuzaa chembe tatu nyeupe, ambazo zikimkuta Xiangling ni 6 nyingine. Jumla inakaribia 40. Zidisha kwa asilimia 200, unapata 80.

Umeona zilivyokutana. Kwa timu hii, asilimia 200 mpaka 220 ndiyo sehemu ya kulenga, na chembe za maadui zitafidia pale utakapochelewa kubadilisha. Ukiwa huna panga hizo mbili nilizozitaja usikate tamaa, ila tegemea kuchelewa sekunde kadhaa kila mzunguko. Angalizo kuhusu Favonius: haifanyi kazi bila krito. Bennett mwenye nafasi ya krito ya asilimia 5 akiwa na upanga huo ni sawa na hana. Mpe kofia ya krito, au atifakti zenye nyongeza hizo.

Bennett wa levo 20 mpandishe, lakini kwa mpango. Ongezeko analotoa linapimwa kwa shambulio lake la msingi, yaani lake mwenyewe pamoja na la silaha aliyoshika. Atifakti za shambulio kwa Bennett haziongezi chochote kwenye duara. Kwa hiyo levo yake, levo ya upanga wake, na levo ya ulti yake ndivyo vitu vitatu vya kutumia vitabu na mora, pesa ya gemu. Resini, ile unayoilipa kuchukua zawadi za domeni, ukiwa nayo chache, anza na yeye kabla ya kuendelea kufukuzia vipande vya Emblem.

Swali lako la mwisho, kuitunza ulti kwa ajili ya bosi. Hapana, kwa kawaida. Ndoo ikishajaa, kinachoendelea kumiminika kinamwagika: kila chembe inayofika wakati ulti imejaa inapotea, na mzunguko wa sekunde 20 hauanzi kuhesabu mpaka ubonyeze. Ukiitunza sekunde 15 ukimsubiri bosi, umetupa chembe za mzunguko karibu mzima. Ikijaa na duara la Bennett lipo, piga.

Ila yapo maadui wanaokulazimisha kusubiri, na unawajua. Lile jiwe la umeme la Cape Oath, Electro Hypostasis, haliumii kabisa likiwa limejifunga kwa maboksi yake. Linaumia tu pale kiini chake kinapofunguka baada ya shambulio. Gurudumu la Xiangling ukilipiga jiwe likiwa limefungwa, zaidi ya nusu ya sekunde 10 zinaungua bure. Pale tazama shambulio lake linaishaje. Likijigawa na kukugonga kwa mikono ya mkasi, andaa panga za Xingqiu na duara la Bennett wakati unakwepa, na gurudumu lipige mara tu kiini kinapotokea. Hata hapo hutunzi kwa dakika nzima. Unasubiri sekunde chache tu, mlango ufunguke.

Barbara na Noelle wape mapumziko kwa sasa, usiwasahau. Kuanzia ghorofa ya tano Abyss inadai timu mbili kwa wakati mmoja, na hao wawili watarudi kazini upande wa pili. Huko mtafutie Barbara mwenzake anayezaa chembe, hata Lisa au Amber uliyepewa mwanzoni, usije ukaniandikia tena swali hilihili kwa jina la mhusika mwingine.